Msalaba Mbele ya Snaplin

Kwa miaka kumi na minne nililipwa mshahara wa kupanga maneno ndani ya masanduku ya viatu. Ukiniuliza kazi yangu ilikuwa nini nitakwambia nilikuwa karani wa kamusi, na ukicheka nitakuacha ucheke, maana hata mama yangu, Mungu amlaze pema, alifariki akiamini kwamba nauza viatu mjini.

Ofisi yetu ilikuwa Sheffield, ghorofa ya tatu, juu ya duka la mapazia. Tulikuwa tunatengeneza kamusi ya maneno ya watu wa kazi: wachimbaji wa makaa ya mawe, wafua vyuma, wafumaji, makuli wa stesheni. Ni yale maneno ambayo mwalimu akiyasikia darasani anakuchapa vidole, halafu akifika nyumbani anayatumia mwenyewe. Kila neno lilikuwa na kadi yake, na kila kadi ilionyesha nani alilichapisha, wapi, na lini.

Mkubwa wetu alikuwa Dokta Jago Penhaligon, mtu wa Cornwall, mwembamba, mpole wa sauti na mgumu wa kichwa. Kanuni zake zilikuwa chache na hazikupinda. Neno lililosemwa tu halihesabiki, kwa sababu mdomo hauna tarehe. Neno lisilochapishwa kwa miaka thelathini linawekewa msalaba mdogo mbele yake, yaani limekufa. Ukitaka msalaba uondoke, lete mifano mitatu, ya kuchapishwa, kutoka kwa watu ambao hawakujua kwamba kamusi inawatazama. Na mfanyakazi wa kamusi hawezi kuwa shahidi, hata aape mbele ya Askofu.

Sikuwahi kuzipinga kanuni hizo. Nimeshuhudia wanaume wazima wakitunga neno wakiwa baa Jumamosi na kutuletea Jumatatu, wakisema walirithi kwa babu. Lakini kanuni ni tamu mpaka siku inapokugusa wewe.

Ilinigusa Jumatatu moja ya mwezi wa tatu, mwaka 1978. Kurasa za herufi S zilikuwa zimerudi kutoka kwa mchapaji, zinasubiri kukaguliwa mara ya mwisho, na Ijumaa saa nne asubuhi zilitakiwa ziondoke zisirudi tena. Nilikuwa nazipitisha kidole, chai pembeni, sina hili wala lile. Nikafika kwenye "snap", ambalo ndilo jina la chakula anachoshuka nacho mchimbaji mgodini. Hapo palijaa ndugu zake wote: watu wa Newcastle husema "bait", Waskoti husema "piece", kwao Dokta husema "crib". Wote wazima wa afya. Chini yao nikaona msalaba.

Snaplin, ulisema ukurasa. Makombo ya chakula yaliyobaki baada ya mchimbaji kula. Mara ya mwisho kuonekana, 1921.

Niliweka kikombe chini. Mimi ni Thelma Haigh, mzaliwa wa Cawdley, kijiji cha mgodi, na nimekula snaplin kabla sijajua kusoma. Baba alipotoka zamu tulikuwa tunamngoja ukutani, mimi na kaka zangu wawili. Alikuja mweusi uso mzima isipokuwa macho na meno, akafungua kikopo chake cha bati, akatoa kipande kidogo cha mkate kilichofungwa kwenye karatasi yake peke yake, kimepakwa mafuta ya nyama na chumvi. Tulikula kwa zamu. Jumatatu na Alhamisi zilikuwa zangu. Kilinuka mgodi, na mpaka leo sijaonja kitu kitamu kukishinda.

Nikaenda kwa Dokta nikiwa nimeushika ukurasa kama mtu anayempelekea jirani kuku wake aliyeharibu bustani.

"Dokta, hili neno halijafa."

"Umeliona wapi, Bi Haigh?"

"Nimelila."

Akavua miwani. "Limechapishwa wapi?"

"Dokta, nenda Cawdley leo saa nane, simama langoni mwa mgodi, uwasikilize watoto."

"Watoto hawana tarehe, Bi Haigh."

"Na huyu wa 1921 ni nani?"

Akaichomoa kadi mwenyewe. Alikuwa mchungaji mmoja wa kanisa, mgeni wa huko kwetu, aliyeandika kwenye jarida kwamba amewaona wachimbaji wakipanda juu na mabaki ya mkate kwenye vikopo vyao, na kwamba mabaki hayo wanayaita snaplin. Aliona kikopo kikifunguliwa mwisho wa siku, akaridhika. Hakumuuliza mtu.

"Nakuamini," Dokta alisema, na najua hakusema uongo. "Lakini kuamini si kazi yangu. Niletee tatu kabla ya Ijumaa."

Sasa sikiliza kosa langu. Jioni ile nilipita Cawdley kumpelekea baba dawa yake ya kifua, na badala ya kunyamaza nikamweleza. Baba yangu, Clarence Haigh, alikuwa na miaka sabini na moja, mstaafu, mtu wa maneno machache na mabuti yaliyong'arishwa. Nilidhani angekasirikia msalaba. Msalaba hata hakuujali.

"Nisomee tena hapo mwanzo," alisema.

Nikamsomea.

"Makombo."

"Ndivyo walivyoandika, baba."

"Makombo anapewa mbwa." Aliinuka, akaenda kusimama dirishani, akanipa mgongo. "Kwa hiyo kitabu kitasema Clarrie Haigh aliwalisha wanawe makombo. Na baba yangu naye alinilisha makombo."

"Si kwamba wanasema wewe..."

"Wanasema mimi, Thelma. Nani mwingine alikuwa anakileta?"

Nilimwona mabega yameshuka. Nimewahi kumwona baba akibebwa kutoka mgodini mguu umevunjika, anatania wanaombeba. Sikuwahi kumwona hivi. Niliumia, na nilijilaumu njia nzima ya kurudi.

Yeye hakukaa akiumia peke yake. Usiku uleule alikwenda klabu ya wachimbaji, akasema jambo hilo mara moja tu, kwa sauti yake ya kawaida, na kufika asubuhi Cawdley nzima ilikuwa na hasira. Kijiji chetu kikikasirika hakipigi kelele, kinafanya kazi. Na walikuwa wamesikia neno moja tu katika kanuni zote za Dokta: kuchapishwa.

Jumatano asubuhi mlango wa ofisi ukafunguliwa na Bi Edna Sugden, katibu wa kanisa letu, mwanamke mnene mwenye kofia ya manyoya, amebeba kapu la sokoni. Alikuwa amepanda ngazi zote tatu na hakuhema, kwa makusudi.

"Wewe ndiwe Dokta?" alimuuliza.

"Ndimi, mama."

"Unaonekana mgonjwa, mpenzi. Hawakulishi?" Kwetu hata dereva wa basi mwenye ndevu humwita abiria mwenye ndevu "mpenzi", lakini Dokta, pamoja na miaka yote ya kuishi kaskazini, bado alikuwa anaona haya. "Haya, shika. Umesema unataka tatu. Nimekuletea sitini na moja."

Akalimimina kapu mezani. Palikuwa na tangazo la kanisa: baada ya ibada kutakuwa na chai na keki za snaplin. Palikuwa na ratiba ya bendi ya matarumbeta, ambayo wimbo wake wa tatu sasa uliitwa Snaplin. Klabu ya njiwa wa mashindano ilikuwa imempa njiwa jina hilo. Horace Micklethwaite, muuza nyama, mtu asiyewahi kuiacha nafasi impite, alikuwa amechapisha bango zima: soseji mpya aina ya snaplin, ladha ya baba zetu. Na kadi moja ya harusi, ya kweli kabisa, iliwataarifu wageni kwamba bwana harusi ndiye snaplin wa mwisho wa Mzee Bottomley.

Dokta alisoma zote sitini na moja. Alizisoma kwa heshima, moja moja, na mimi nilisimama pale nikitamani sakafu ipasuke. Alipofika kwenye soseji nikaona mdomo wake ukitetemeka.

"Bi Sugden," alisema mwishowe, "vyote hivi vimezaliwa jana."

"Vimezaliwa halali."

"Vimezaliwa kwa sababu yangu. Neno likichapishwa ili mimi nilione, siwezi kulihesabu. Na sasa kuna jambo baya zaidi. Humu ndani snaplin ni keki, ni wimbo, ni njiwa, ni soseji na ni bwana harusi. Mtu akija miaka hamsini ijayo atasema watu wa Cawdley wenyewe hawakujua maana yake."

Bi Edna akanigeukia mimi. "Thelma wetu, hukutuambia kwamba anayechapisha asijue kuwa kamusi inamtazama."

"Nilimwambia baba."

"Clarrie hajawahi kumaliza sentensi tangu alipobatizwa." Akachukua kapu lake. Mlangoni akamgeukia Dokta. "Soseji ni nzuri lakini. Pita ukipata nafasi."

Nikaketi kwenye kiti changu na kucheka mpaka machozi yakanitoka, halafu machozi yakaendelea bila kicheko. Siku mbili zilibaki. Nilipekua masanduku yote ya wachimbaji: ripoti za ajali, vitabu vya chama cha wafanyakazi, kumbukumbu za wahandisi, hotuba. Wanaume walikuwa wameandika juu ya pampu, farasi, gesi, taa, mishahara na mgomo. Hakuna aliyeandika juu ya kipande cha mkate.

Alhamisi, adhuhuri, baba akaja.

Alivaa suti yake ya mazishi. Nilimsikia kifua chake ngazini kabla sijamwona, nikakimbia kumshika mkono, akautoa mkono wangu kwa adabu. Akaingia mpaka mbele ya meza ya Dokta na kuvua kofia.

"Sikuja kwa ajili ya msalaba wako," alisema. "Kama neno limekufa kwenu, limekufa, kila mtu na makaburi yake. Nimekuja kwa ajili ya makombo."

"Keti, Bwana Haigh."

"Nitaketi ukishalifuta."

"Siwezi kufuta kitu bila kujua cha kuweka mahali pake," Dokta alisema. "Niambie ni nini, kama si makombo."

Baba hakuwahi kuombwa akieleze. Wewe ungeelezaje kufunga kamba za viatu, kwa maneno matupu? Saa ya ukutani ikagonga saa sita, na kila mtu ofisini akatoa chakula chake, maana hiyo nayo ilikuwa kanuni ya Dokta. Baba naye akaketi, ikabidi, akatoa kifurushi mfukoni. Jibini na kitunguu. Akakiweka juu ya herufi S, akafungua kisu chake cha mfukoni na, kabla hajagusa kitu kingine, akakata pembe moja ya mkate, akaizungushia karatasi, akaisukuma pembeni. Ndipo akaanza kula.

Dokta aliacha kutafuna.

"Hiyo ya nani?"

Baba akaitazama ile karatasi ndogo. Nina hakika hakujua kwamba ameikata. "Si ya mtu," alisema. "Ni mkono tu. Umezoea."

"Unaikata kwanza."

"Sasa utaikata lini? Kule chini, mpenzi, una dakika ishirini na una njaa ya farasi. Ukianza kula bila kukata hubakizi hata chembe, hata uwe malaika. Kwa hiyo unakata kwanza, unafunga, unaweka upande wa pili wa kikopo. Ukishaifunga si yako. Mwaka wa '47 tulikwama chini saa kumi na tisa, mimi na wanaume wanane, na kulikuwa na snaplin tisa kwenye vikopo. Zote tisa zilipanda juu."

Mimi nilikuwa na miaka sita mwaka ule wa '47. Nakumbuka kwamba baba alichelewa. Nakumbuka kwamba ilikuwa zamu yangu, na kwamba mkate ulikuwa mgumu, na kwamba nililalamika. Hakuna aliyeniambia. Niligeuza uso nikaangalia mapaa ya nyumba nje, na sikuona paa hata moja.

Dokta Penhaligon alichukua kalamu. Alikata neno "makombo" kwa mstari mmoja mnene, halafu akaegemea kiti.

"Hilo nimelifuta kwa sababu ni uongo," alisema. "Lakini msalaba sina ruhusa ya kuufuta, na neno lenye msalaba halipati nafasi zaidi ya mstari mmoja. Nikiacha hivi hakuna pa kuyaweka uliyoniambia." Akafikiri. "Bwana Haigh, hili neno nani alikuwa analisema? Wewe kule chini ulilisema?"

"Wapi. Tungelisema kwa nani? Watoto ndio waliolisema. Unatoka tu langoni: snaplin yangu, snaplin yangu."

"Basi tumekosea sanduku, Bi Haigh. Tumelitafuta kwa wachimbaji, kumbe si neno lao. Ni la watoto wa wachimbaji." Aliinuka na kuanza kutembea. "Watoto wakubwa sasa. Hawaandiki vitabu. Mtoto wa mchimbaji anachapisha kitu wakati gani katika maisha yake?"

"Akioa," nilisema. "Akizaa."

"Na wakati gani anamtaja baba yake?"

Nikasimama. Nilishangaa jinsi nilivyokuwa mjinga wiki nzima. Gazeti letu la wilaya, kila Jumamosi, ukurasa wa nyuma, lina safu ya Kumbukumbu. Mtu akifiwa, kila mwaka siku ileile anaweka mistari miwili mitatu kumwambia marehemu kwamba hajasahauliwa. Kwetu unaanza na safu hiyo kabla ya habari za mpira.

Baba alikuwa ameanza kukohoa. "Hizo si maandishi," alisema. "Hizo ni za nyumbani. Msiende kusumbua mambo ya nyumbani ya watu."

"Zina tarehe, baba."

"Basi langu linaondoka," alisema, na kweli akavaa kofia na kushuka ngazi, mkate wake nusu haujaliwa. Niliona si kawaida yake, lakini sikuwa na muda wa kumfikiria.

Maktaba ya mji wetu huyahifadhi magazeti hayo yakiwa yamejalidiwa, kila mwaka kitabu kizito. Miaka thelathini ya Jumamosi, na sisi wawili tulikuwa na saa nne kabla ya kufungwa. Dokta alikata tamaa alipoviona vimepangwa mezani. Hapo kwa mara ya kwanza nilijua kitu asichokijua yeye.

"Anza Januari na Februari tu," nilimwambia. "Wanaume wetu hufa kwa kifua, na kifua huwabana wakati wa baridi."

Tukasoma. Sijui kama umewahi kusoma huzuni nyingi kiasi hicho mfululizo na kujikuta unatabasamu. Watu wale hawakujua kuandika kwa madoido. Mmoja alimwambia baba yake kwamba njiwa wako salama. Mwingine aliomba radhi kwa sababu ya baiskeli. Mjane mmoja, mwaka hadi mwaka, alimwambia mumewe kwamba bomba la jikoni bado linavuja. Dokta alikuwa akinisomea kwa sauti ya chini, na mkutubi alikuwa ametuashiria tunyamaze mara mbili, halafu akaja na kiti akakaa kusikiliza.

Saa tisa na nusu nikalipata la kwanza, Februari 1953. Stubbs, Alfred. Watoto sita, snaplin moja, na hakuna aliyewahi kulala hajaonja. Wanao wote sita.

Nilimshika Dokta mkono. Sikuwahi kumshika mkono maishani mwangu, wala yeye hakuutoa.

La pili alilipata yeye, Januari 1966, limetumwa kutoka Australia na binti wa mtu aliyeitwa Percy Lumb. Baba, huku nyama ni tele na mkate ni mweupe, ila hakuna wa kuniletea snaplin. Dokta aliliandika kwenye kadi kwa mkono wake, na mwandiko wake haukuwa ule niliouzoea. Aliniambia, bila kuinua kichwa, kwamba baba yake naye alikuwa mchimbaji, wa bati, na kwamba hajawahi kuandika mstari wowote juu yake.

"Bado unaweza," nilisema.

"Ngoja tumalize la tatu, Bi Haigh."

La tatu lilitutesa. Saa kumi na nusu ikapita. Mkutubi naye akavuta kitabu, akaanza kupekua upande wake. Mimi nilikuwa na mwaka 1959, naenda haraka, macho yanauma, nikalipita. Kisha kidole changu kikarudi chenyewe.

Haigh, Ezra. Ulikata yangu kwanza. Nami niliwakatia wanangu snaplin zao vilevile. C.

Niliusukuma ukurasa kwa Dokta. Ezra Haigh ni babu yangu. Kwetu Cawdley ni wanawake wanaoweka mistari gazetini. Mwanamume angeonekana kufanya hivyo angetaniwa klabuni mpaka afe. Na huyu ni baba yangu, ambaye siku ya mazishi ya mama alizungumza juu ya hali ya hewa.

Dokta alisoma mara mbili. "Huyu C. ni nani?"

"Unamjua. Jana kijiji chake kilikuletea njiwa na soseji, leo mwenyewe amekuachia chembe za jibini kwenye herufi S."

Alivua miwani na kuifuta, kazi ndefu. Nilijua anachofikiria, maana kanuni zile nilizipiga taipu mwenyewe. Mfanyakazi wa kamusi hawezi kuwa shahidi, na huyu ni baba wa mfanyakazi.

"Mwaka 1959 ulikuwa wapi, Bi Haigh?"

"Kiwandani, nashona vifungo."

"Na kamusi yetu?"

"Haikuwepo."

"Basi C. hakujua kwamba kuna anayemtazama," Dokta alisema, akavaa miwani, akaanza kuandika kadi ya tatu. Mkutubi alipiga makofi, kisha akakumbuka yuko wapi.

Ijumaa saa nne kasoro dakika tano mchapaji alikuja kuchukua kurasa. Msalaba ulikuwa umefutwa. Dokta aliandika maelezo mara saba usiku kucha, akayakata mara sita, na chini ya maelezo akachagua mfano mmoja kati ya ile mitatu. Sikumuuliza kwa nini ule. Alinipa nakala, akaniambia niende nyumbani mapema, jambo ambalo halikuwahi kutokea tangu ofisi ifunguliwe.

Njiani nilipita kwa Bi Edna, kwa kuwa nisingepita asingenisamehe. Alisoma, akapiga ukelele, akatoka nje na aproni, na kabla sijafika kona ya nyumba yetu nilisikia tarumbeta ya kwanza ikijaribiwa. Micklethwaite alikuwa anashusha bango lake la soseji, anaandika jipya. Watoto walikuwa wanakimbia barabarani bila kujua sababu.

Baba alikuwa jikoni, anang'arisha mabuti yaliyokwisha ng'ara.

"Kelele za nini hizo?"

"Zako," nilisema, nikauweka ukurasa mezani. "Mbona hukusema, baba? Wiki nzima tunahangaika, na wewe unajua."

Alijua nazungumzia nini. Masikio yake yakawa mekundu. "Mlitaka maandishi," alisema. "Ile sikuandika. Ile nilikuwa namwambia baba."

Aliendelea na buti. Nami nilitaka kusema juu ya '47, juu ya mkate mgumu na mtoto aliyelalamika, na nilishindwa, kwa sababu mimi ni mwanawe kweli. Nikamwekea mkono begani na kuuacha hapo.

"Jina langu limo?" aliuliza.

"Hapana. Tarehe tu, na maneno yako."

"Afadhali." Akaweka brashi chini, akafuta vidole kimoja kimoja kwa kitambaa. "Soma basi."

Nikasoma. "Snaplin. Kipande cha mkate ambacho mchimbaji hukikata na kukifunga kabla hajaanza kula, ili ampelekee mtoto wake nyumbani."

Bendi ilikuwa imefika kwenye mtaa wetu, inapiga bila mpangilio. Baba alisogeza kiti karibu yangu, akaweka kidole chake kikubwa juu ya ukurasa, akitafuta mahali.

"Hapo kwenye 'kabla'," alisema. "Anzia hapo. Soma tena."